Ua la Shaba: Jamaa wa Rehani Katika Vilima vya Katanga



Sifa zote njema anastahiki Allah (S.W.), Mola wa viumbe vyote. Rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), ahli zake na sahaba zake wote.

Ndugu wasomaji, makala yetu ya mara hii imetokana na swali la mtoto. Mwisho wa kiangazi kijana mmoja wa chuo chetu alikuja darasani na kishada cha maua madogo ya buluu. Alikuwa amekosa masomo siku nne, kwa sababu kaka yake huchimba mawe ya shaba kwa mkono nje ya mji, naye hufuatana naye kuyaosha. Badala ya kuomba radhi akaninyooshea yale maua na kuuliza: "Maalim, hii si ndiyo rehani tuliyoisoma katika Surat Ar-Rahman?"

Nikamwambia, "Hapana, lakini ni jamaa yake." Kisha nikamuuliza ameyapata wapi. Akanijibu, "Pale pale penye mawe."

Jibu hilo fupi limebeba historia ya nchi hii ya Katanga kwa zaidi ya miaka elfu moja. Inshaallah leo tutaieleza kidogo kidogo, ili wazazi wapate cha kuwasimulia watoto wao.

NI MMEA GANI HUU?

Wataalamu wanauita Ocimum centraliafricanum. Vitabu vya zamani kidogo vinauita Becium homblei. Sisi tutauita ua la shaba, kwani hivyo ndivyo ulivyojulikana duniani. Ni kichaka kidogo, mara nyingi hakizidi kimo cha goti. Kina mzizi mnene wenye mti ndani yake, na kutoka katika mzizi huo huchipuka vijiti vingi vyembamba. Maua yake ni ya rangi ya buluu inayokaribia zambarau, mengine yakiwa yamepauka, na nyuzi zake hutokeza nje ya ua kama sharubu.

Unaota katika misitu mikavu ya miombo, hapa Katanga, Zambia na nchi za jirani. Moto wa kiangazi ukipita na kuunguza majani yote, mzizi hubaki salama chini ya udongo. Kabla ya mvua ya kwanza, wakati nchi bado ni nyeusi kwa majivu, ua hili huwa limekwisha kuchanua.

Mmea huu ni wa ukoo mmoja na rehani tunayoijua majumbani, na pia kivumbasi ambacho bibi zetu hukichoma kufukuza mbu. Kwa hiyo yule kijana hakukosea sana. Allah (S.W.) ameitaja rehani katika Surat Ar-Rahman na tena katika Surat Al-Waqi'a. Wako wafasiri waliosema makusudio ya neno hilo katika Ar-Rahman ni kila mmea wenye harufu nzuri, na wako waliosema ni riziki. Shikeni maana hizi mbili, tutazirejea.

KWA NINI UNAOTA PENYE SHABA?

Shaba kidogo ni chakula cha mmea, lakini shaba nyingi ni sumu. Udongo wa kawaida una shaba isiyofika miligramu 100 katika kila kilo moja. Katika vilima vya shaba vya Katanga udongo unaweza kuwa na miligramu zaidi ya 10,000 kwa kilo, yaani mara mia moja na zaidi. Miti mikubwa ya miombo haivumilii hali hiyo. Ndiyo maana ukitazama kilima cha shaba kwa mbali utaona msitu umekizunguka, lakini chenyewe kina nyasi na vichaka vifupi tu, kama kichwa chenye upara.

Ua la shaba limejaaliwa uwezo wa kuishi hapo. Mbegu zake huota na mizizi yake hukua katika udongo ambao mmea mwingine ungekauka. Na kwa kuwa miti mirefu haipo, linapata jua na nafasi. Ni vizuri tuseme ukweli wote: mmea huu umeonekana pia mahali pasipokuwa na shaba. Kwa hiyo ua peke yake si hati ya kwamba kuna madini. Lakini ukiliona kwa wingi, katika kilima kisicho na miti, na mawe ya kijani yametapakaa chini, basi umeshapata mashahidi watatu.

WAZEE WALIISOMA ARDHI

Watu wengi wanadhani historia ya shaba hapa ilianza na Wabelgiji. Sivyo kabisa. Wachimbuaji wa mambo ya kale wamekuta alama za kuyeyusha shaba huko Naviundu, karibu na Lubumbashi, na huko Kansanshi upande wa Zambia, za kati ya karne ya 4 na ya 7 Miladi. Hebu tupime: Hijra ya Mtume (S.A.W.) ilikuwa mwaka 622. Ina maana kwamba kabla ya Hijra, au karibu na wakati huo, tayari walikuwepo watu katika nchi hii wanaojua kugeuza jiwe kuwa shaba.

Kazi yenyewe ilifanywa kiangazi, baada ya mavuno, wakati mashimo hayana maji na watu wana nafasi. Wanaume waliingia mashimoni, wanawake na watoto walisaidia kuokota mawe ya kijani juu ya ardhi na kuyasafisha. Tanuri ilijengwa kwa udongo wa kichuguu kwa sababu unavumilia moto. Ndani yake walipanga mkaa wa miti migumu na mawe kwa zamu, kisha wakapuliza hewa kwa mivukuto ya ngozi. Shaba ikayeyuka, ikakusanyika chini, na baadaye ikamiminwa katika kalibu za mchanga. Mwaka 1926 mmisionari Mbelgiji, Jean-Félix de Hemptinne, alichapisha maelezo ya kazi hii, na mafundi hao akawaita "walaji wa shaba", maana shaba ndiyo iliyowalisha.

Fundi wa namna hii hakuwa na mashine ya kupima udongo. Alikuwa na macho yake na elimu aliyopewa na baba yake. Alitazama kilima kisicho na miti, rangi ya jiwe, na mimea inayoota. Majina yao hayakuandikwa popote, lakini mashimo yao yapo, na tutaona jinsi yalivyotumiwa na waliokuja baadaye.

MISALABA ISIYOKUWA YA KANISA

Shaba hiyo ilimiminwa katika umbo lenye mikono minne, na vitabu vinauita msalaba wa Katanga. Wasomaji wetu wasichanganyikiwe: umbo hili halina uhusiano na Ukristo. Lilikuwepo karne nyingi kabla ya mmisionari yeyote kufika. Ilikuwa namna ya kubebea shaba, na ikawa fedha.

Huko Sanga, karibu na ziwa Kisale, wataalamu walifukua makaburi ya kale mwaka 1957 na 1958. Katika makaburi mengi waliwakuta maiti wamewekewa misalaba midogo ya shaba, mingine mikononi na mingine kifuani. Kadiri miaka ilivyokwenda, misalaba ile ilizidi kuwa midogo na ya vipimo vinavyofanana, jambo linaloonyesha kwamba watu walikuwa wanaihesabu kama sarafu.

Shaba ilisafiri pia kuelekea bahari. Huko Ingombe Ilede, katika bonde la Zambezi, mwaka 1960 yalifukuliwa makaburi ya watu matajiri. Pamoja na misalaba ya shaba vilikutwa dhahabu, vitambaa vya pamba na shanga za kioo. Shanga za namna hiyo zilivuka Bahari ya Hindi na kuingia kwa njia ya bandari za pwani yetu, ambako Waislamu walikuwa wafanyabiashara wakubwa. Basi jiwe lililoota ua la buluu huku bara lilikuwa limefungamana na soko la pwani zamani sana.

MSIRI NA WATU WA PWANI

Katika miaka ya 1850 alifika hapa mtu kutoka upande wa Tabora, aliyekuja kujulikana kwa jina la Msiri. Baba yake, Kalasa, alikuwa mfanyabiashara wa shaba, naye aliijua njia. Msiri akajenga makao yake Bunkeya na akawa mtawala mwenye nguvu. Watu wake, Wayeke, walikuwa mafundi hodari wa kuvuta shaba mpaka ikawa waya mwembamba wa bangili. Misafara ilitoka kwake ikaenda Bagamoyo na Zanzibar upande wa mashariki, na Benguela upande wa magharibi. Kiswahili tunachozungumza leo mijini Katanga kina sababu nyingi, na misafara ile ni mojawapo.

Lakini historia si ya kupambwa. Pamoja na shaba na pembe, misafara hiyo ilibeba pia watu waliotiwa utumwani, na bunduki na baruti zikarudi kama malipo. Miongoni mwa waliofanya biashara hiyo walikuwemo wenzetu wenye majina ya Kiislamu. Tukiwafundisha watoto historia lazima tuwaambie na hili, kwa sababu Uislamu umetuamrisha kusema haki hata ikiwa juu ya nafsi zetu.

Mwaka 1891 mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji alipeleka msafara wa Kapteni Stairs kuitwaa Katanga. Msafara huo ulianzia Bagamoyo, na waliobeba mizigo na bunduki walikuwa kwa wingi watu walioajiriwa Zanzibar na pwani. Tarehe 20 Desemba 1891 Msiri alipigwa risasi na Kapteni Bodson huko karibu na Bunkeya. Ugomvi ule ulikuwa juu ya bendera. Chini ya bendera ilikuwepo shaba.

NANI ALIGUNDUA?

Mwaka 1892 mjiolojia Jules Cornet alipita Katanga akaandika juu ya wingi wa madini yake. Mwaka 1899 msafara wa George Grey, aliyetumwa na kampuni ya Robert Williams, ulifika Kansanshi na kukuta machimbo ya kale, kisha wenzake na yeye wakaendelea kuyatafuta upande wa Katanga. Angalieni neno hilo: machimbo ya kale. Migodi mingi iliyosemekana "imegunduliwa" ilipatikana kwa kuongozwa na wenyeji mpaka kwenye mashimo ya wazee wao. Mwaka 1906 ikaundwa kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga. Reli kutoka kusini ikafika mwaka 1910, ukaanzishwa mji wa Elisabethville ambao tangu 1966 unaitwa Lubumbashi, na mwaka 1911 tanuri mpya ikatoa shaba yake ya kwanza. Mwenye kuonyesha njia akawa kibarua.

Na ua nalo likapata "wagunduzi" wake. Katika miaka ya 1950 wanajiolojia wa Rodesia ya Kaskazini, ambayo sasa ni Zambia, walilifuata ua hili porini ili kujua mahali pa kuchimba. Mwaka 1958 mtaalamu wa mimea Paul Duvigneaud wa Ubelgiji alichapisha utafiti mkubwa kuhusu mimea ya udongo wa madini wa Katanga. Baadaye ukaja utafiti mwingine unaopendeza sana. Liko jamaa jingine la ukoo mkubwa wa rehani, Haumaniastrum katangense, ambalo nalo lina maua ya rangi hiyo ya zambarau. Lenyewe si kichaka, ni mmea wa msimu mmoja. Kufikia mwaka 1982 wataalamu, wakiwemo wa Chuo Kikuu cha Lubumbashi, walikuwa wameonyesha kwamba mmea huu hujaa mahali palipokuwa na tanuri za kale, kwa sababu takataka za kuyeyushia ziliutia udongo shaba. Basi wakawa wanafuata maua na kuzikuta tanuri za wazee, zilizofunikwa na ardhi kwa mamia ya miaka.

Subhanallah! Wale mafundi hawakuacha maandishi, lakini Allah (S.W.) amejaalia maua yawe shahidi wao.

HALI YA LEO

Leo Kongo ni miongoni mwa nchi zinazotoa shaba nyingi kuliko zote duniani, na kobalti, ambayo hutoka katika vilima hivi hivi, inatoka kwetu zaidi ya nusu ya ile ya dunia nzima. Simu iliyoko mfukoni mwako huenda ina kitu cha ardhi hii.

Vilima vya shaba vya Katanga ni zaidi ya mia moja, na kila kimoja ni kama kisiwa katikati ya msitu. Ua letu la buluu lenyewe lina nchi pana na halijafikia hatari kubwa. Lakini wenzake wanaoishi nalo, aina zaidi ya 30, hawaoti mahali pengine popote duniani isipokuwa juu ya vilima hivi. Kilima kikichimbwa chote, mimea hiyo haina pa kuhamia. Wataalamu wamesema baadhi yake huenda imekwisha kutoweka, na mingi iko karibu. Yapo makampuni yaliyojaribu kuhamisha udongo wa juu pamoja na mimea yake kabla ya kuchimba. Ni kazi njema, lakini haitoshi kwa vilima vyote.

Na pamoja na mimea wako watoto. Wazee wa zamani walichimba miezi ya kiangazi, kisha wakarudi shambani na nyumbani. Leo mtoto anaweza kumaliza mwaka mzima katika vumbi la mashimo, masomo yakampita, na pengine udongo ukamwangukia. Sisemi haya kuwalaumu wazazi, maana njaa haina subira, na sote tunajua bei ya unga. Nasema ili tusizoee.

MAFUNZO KWA FAMILIA

Ndugu zangu katika imani, kutokana na historia hii naona mambo manne ya kuzungumza na watoto wetu.

1. Dunia imejaa ishara kwa mwenye kutazama. Qur'an inatuamrisha mara nyingi kuangalia mimea na ardhi. Fundi wa kale aliyejua kusoma ua na jiwe alikuwa na elimu, hata kama hakuwa na karatasi. Tusimdharau mzee wa kijiji anayejua majina ya miti. Mkalisheni na watoto, awafundishe kabla hajaondoka.

2. Madini ni neema, na neema ina hesabu. Allah (S.W.) ametusimulia kwamba Nabii Suleiman (A.S.) alitiririshiwa shaba iliyoyeyuka, na Dhul-Qarnayn aliimimina juu ya ukuta ili kuwalinda watu wanyonge. Shaba katika visa hivyo haikuwa ya kujifaharisha. Maulamaa wa fiqhi nao wamejadili haki inayotoka katika madini. Mahanafi wanaona katika shaba kuna khumsi, yaani fungu moja katika matano. Mahanbali wanaona ni moja katika arobaini. Mashafii zaka ya machimbo wanaiweka katika dhahabu na fedha tu. Wamehitalifiana katika kiasi, lakini hakuna aliyesema mwenye kuchimba amsahau masikini.

3. Ardhi ni amana. Mtume (S.A.W.) aliweka mipaka ya Madina na akakataza miti yake isikatwe ovyo. Kama mji mtukufu ulilindiwa miti yake, basi si ajabu Muislamu wa Katanga kutaka walau vilima vichache viachwe kama vilivyoumbwa.

4. Watoto ni rehani zetu. Imepokewa kwamba Mtume (S.A.W.) aliwaita wajukuu zake, Hassan na Hussein, kuwa ni rehani zake za duniani. Rehani hunuswa kwa upole, haitupwi katika shimo.

Hapa narejea ile maana ya pili ya neno, riziki. Wafasiri waliposema rehani ni harufu nzuri na wengine wakasema ni riziki, mimi naona mmea wetu umekusanya yote mawili: ni jamaa wa manukato, na chini yake kuna riziki. Makosa huja pale tunapochukua riziki na kulikanyaga ua.

Yule kijana nilizungumza na kaka yake baada ya sala ya Ijumaa. Tulielewana kwamba siku za chuo asiende kuosha mawe, na baadhi ya wazazi wenzake wakajitolea kusaidia unga wa siku hizo. Mpaka sasa anahudhuria, ingawa si kila siku. Maua aliyoyaleta yamekauka katikati ya daftari la darasa, na rangi yake ya buluu bado inaonekana kidogo. Anayetaka kuyaona na afike chuoni na watoto wake baada ya sala ya Alasiri, nitafurahi kumwonyesha.

Tunamuomba Allah (S.W.) atujaalie riziki ya halali, awahifadhi watoto wetu waliomo mashimoni, na awarehemu wazee wetu waliotutangulia katika ardhi hii.

Wabillahi Tawfiq.